Capablanca, Petrosian au Tal: yupi wa kusomesha vijana wa sataranji?

Wete_Kwetu
Assalaam alaykum jamaa. Baada ya alasiri huwa nakaa na vijana wa skuli hapa Wete, tunacheza sataranji. Hatua wanazijua, mfalme wanajua kumfunga, lakini kila mmoja anacheza lake. Masika hii nataka tushike bingwa mmoja tu, tumsome mchezo mmoja baada ya mwengine mpaka kieleweke. Nimebakiwa na watatu: Capablanca wa Cuba, bingwa wa dunia 1921 hadi 1927, Petrosian, Muarmenia aliyezaliwa Tbilisi, 1963 hadi 1969, na Tal wa Riga, 1960 hadi 1961.

Nisiletewe Kasparov wala Carlsen. Ukubwa wao haupingwi, ila michezo yao mingi huanza na hatua ishirini za kukariri, na hapa kwetu hamna kompyuta ya kukaririshia. Haya, semeni.

Ngambo64
Waalaykum salaam maalim. Tal, tena bila kupepesa. Mtu kachukua ubingwa ana miaka 23, kamfunga Botvinnik, bingwa wa wakati ule, 12.5 kwa 8.5. Mchezo wa sita wa mechi ile umeuona? Tal ana kete nyeusi, anamtia farasi mraba wa f4 aliwe. Ukumbi mzima ukaripuka, makelele kama Amaan siku ya fainali, ikabidi wachezaji wahamishiwe chumba cha nyuma wamalizie huko. Sataranji hiyo! Muoneshe kijana wa miaka kumi na tatu mchezo ule uone kama atakumbuka simu.

MzeeWaDhumna
Mwanangu Ngambo, mbona hadithi umeikatia katikati? Mwaka 1961 Botvinnik kamrudia, 13 kwa 8, kachukua kiti chake. Tal hakukikalia tena mpaka anafariki 1992. Na farasi yule wa f4, waliokaa kumchambua kwa utulivu walikuta utetezi ulikuwepo, Botvinnik hakuuona na saa inakimbia. Kwa Tal hiyo haikuwa dosari, ndiyo biashara yake: anampa mwenzake hesabu ndefu na muda mfupi. Sasa hao vijana wa Wete wataiga lipi? Wataiga kutoa farasi. Ile hesabu hawataiiga. Kila jioni maalim utakuwa unaokota farasi waliokufa bure.

Ngambo64
Shikamoo mzee. Lakini 1961 alikuwa anaumwa figo, hilo nalo liseme. Na huyo unayemuona wa kubahatisha alikaa michezo 95 bila kupoteza hata mmoja, kati ya 1973 na 1974. Rekodi ile haikuvunjwa mpaka 2018, alipokuja Ding Liren. Mbahatishaji gani huyo? Tena mkono wake wa kulia ulizaliwa na vidole vitatu, na piano alipiga.

Mkoani_Bandarini
Mimi wangu Petrosian, na najua nitapigwa mawe. Watu wanamwita mzito, hachezi, anangoja. Kwani aliye na haraka nani? Mwaka 1962 kule Curaçao, mashindano ya kumtafuta mpinzani wa Botvinnik, alicheza yote bila kufungwa mchezo hata mmoja. Mwaka uliofuata akamtoa Botvinnik. 1966 akautetea ubingwa mbele ya Spassky, na Spassky ikambidi angoje hadi 1969.

Kuna mchezo mmoja nataka muutazame kabla hamjanijibu: Reshevsky na Petrosian, Zürich 1953. Petrosian anacheza nyeusi, amebanwa, vitunda vyeupe vya katikati vinamshukia. Hatua ya 25 anaipeleka ngome yake e6, mahali ambapo dhahiri italiwa kwa kete ndogo. Hashambulii mtu, hamtishii mtu. Anachotaka ni farasi wake apate njia ya kwenda d5, pale mbele ya kitunda cheupe, ambapo hakuna wa kumfukuza. Akiliwa ngome, yeye anapata ukuta. Mchezo ukaisha sare. Kila nikiurudia naona kitu, na mimi si mchezaji wa maana.

Halafu alikuwa na usikivu mdogo, anavaa kifaa. Mwaka 1971 Seville, mpinzani wake Hübner akawa analalamikia makelele ya nje. Petrosian yeye anazima kifaa, anaendelea zake. Hübner alifungwa mchezo wa saba, akajitoa.

BintiChake
Nyote mnazungumza kama kwenye darasa hilo hamna wasichana. Wamo au hawamo?

Wete_Kwetu
Wamo, dada yangu. Na mmoja wao ananifunga mimi.

BintiChake
Basi orodha yako ina tundu. Judit Polgar wa Budapest: 1991 kawa grandmasta, cheo cha juu cha sataranji, ana miaka 15 na miezi minne, kavunja rekodi ya umri mdogo ya Fischer iliyokaa tangu 1958. Ubingwa wa dunia wa wanawake hakuutaka, alikwenda kukaa na wanaume meza moja, akaingia kumi bora wa dunia. Mwaka 2002 mjini Moscow kamfunga Kasparov, mchezo wa haraka, Kasparov akiwa namba moja wa dunia. Na kushambulia kwake hakumpungukii Tal wenu. Sisemi umtupe mtu, nasema huyo mmoja anayekufunga siku moja aone jina la mwanamke juu ya karatasi.

Karafuu_Kavu
Samahani, natoka nje ya mada kidogo. Sultan Khan hamjamtaja? Mtu wa Punjab, kazaliwa kijijini, kakulia sataranji ya Kihindi ambayo kitunda hakiruki miraba miwili. Mwaka 1929 tajiri wake, Sir Umar Hayat Khan, kampeleka Uingereza. Mwaka huo huo kachukua ubingwa wa Uingereza, kisha tena 1932 na 1933. Hastings, mashindano ya mwaka mpya wa 1931, kamfunga Capablanca, huyo huyo mliye naye hapo juu. Halafu 1933 tajiri anarudi kwao na yeye karudi naye, mashindano ya Ulaya yakaishia hapo. Alikufa 1966. Ugrandmasta wa heshima FIDE, shirikisho la sataranji la dunia, wamempa 2024. Hata kaburini nadhani alishasahau.

Kwa kusomesha hafai, michezo yake haina mpango wa kuufuata. Lakini wasimulieni.

Hesabu_Unguja
Mimi nasomesha hesabu, kwa hiyo nitauliza swali la kikazi: akishinda, kijana anaweza kusimama ubaoni akaeleza kwa nini ameshinda? Kwa Tal, maelezo yanahitaji mti wa hatua usio na mwisho. Kwa Petrosian unamueleza kitu ambacho hakikutokea, kwa sababu alikizuia kabla. Kwa Capablanca, kijana ataeleza kwa maneno yake mwenyewe.

Chukua mchezo wake na Tartakower, New York 1924. Kumebaki ngome na vitunda. Mtu mwengine angehesabu vitunda vyake na kuvilinda. Capablanca anaviacha viwili viliwe, tena anaacha mfalme wake apigwe shaha, yaani atishwe kuliwa, kwa sababu kila shaha inamsogeza anakotaka kwenda: g3, h4, g5, mpaka anafika f6, ubavuni mwa kitunda chake kilichokwisha tangulia g6. Hapo ngome nyeusi imeshiba vitunda na mfalme wake hana pa kupumulia. Darasa zima linafahamu kwamba mchezo ukifika mwisho, mfalme ni kete ya kazi. Somo hilo pekee litawapa ushindi mwingi mwaka huu kuliko makafara yote ya Tal.

Na rekodi yake ni ya kutisha: kutoka 1916 hadi 1924 hakufungwa mchezo rasmi, mpaka Réti alipomkata kwenye mashindano hayo hayo ya New York. Ubingwa wenyewe alimnyang'anya Lasker bila kupoteza mchezo.

MzeeWaDhumna
Hapo sawa. Ila wakisoma Capablanca wasome na 1927, Buenos Aires, Alekhine alipomnyang'anya ubingwa. Michezo 34, sare 25, Alekhine kashinda sita, yeye tatu. Kabla ya mechi ile Alekhine alikuwa hajawahi kumfunga hata mara moja. Aliingia amejitayarisha, na mwenzake alitegemea kipaji. Kijana mwenye kipaji ndiye wa kwanza kuoneshwa hilo.

Wete_Kwetu
Mzee, hiyo inaingia. Basi nakata shauri: Capablanca ndiye wa msimu, tunaanzia na Tartakower, kinyumenyume, mwisho kwanza na ufunguzi baadaye. Polgar namuweka Ijumaa, BintiChake usininunie. Petrosian namuahirisha, vijana watasinzia.

Mkoani_Bandarini
Watasinzia wenyewe, mimi simo.

Ngambo64
Mimi nikija Pemba Idi naleta Tal mfukoni. Maalim usiniulize.

Wete_Kwetu
Karibu. Jamaa, nani ana saa ya sataranji ya kuazima? Ya kwetu kitufe cha upande mmoja kimekwama, na mwenye nyeusi ndiye anayenyimwa muda kila siku.

Mkoani_Bandarini
Ninayo, ya zamani, ya kutia ufunguo. Naipakia gari ya asubuhi kesho mpaka Chake. Kuna mtu wa kuipokea hapo stendi?

BintiChake
Nitaipokea mimi, na Wete nitaileta mwenyewe. Nataka nimuone huyo msichana.