Nimelipia vitabu 3 vya Wamongolia, nimeletewa kimoja kilichovalishwa makoti 3

Wakuu, shikamooni kwa wanaostahili, wengine mambo vipi.

Mimi humu ni mpita njia. Nasoma nyuzi za watu, nacheka, naenda kulala. Uzi wa kulalamika sijawahi kufungua. Leo nafungua, na asije mtu kuniambia "pole mkuu, ndiyo biashara". Hii si biashara, ni kanyaboya.

Kisa kiko hivi. Kuna muuzaji wa vitabu wa mtandaoni, yuko Dar, jina silitaji. Mwezi uliopita aliweka tangazo la seti ya vitabu 3 vya Wamongolia kwa Kiswahili: cha historia, cha vita na cha utamaduni. Shilingi 75,000 seti nzima, na 6,000 ya kupakiwa kwenye basi mpaka Tanga. Kwa Kiswahili, wakuu! Nilipoona neno hilo nikatuma hela kwa simu kabla hata sijamaliza kusoma tangazo. Mama watoto akauliza ada ya shule imefikia wapi, nikamwambia inakuja.

Kwa nini nilipagawa namna hiyo? Mwalimu wetu wa madrasa, Mungu amrehemu, kila akifika kwenye kuanguka kwa Baghdad mwaka 1258 alikuwa anavua miwani na kuifuta kwa kanzu. Anasimulia vitabu vilivyotupwa mto Tigris mpaka maji yakawa meusi kwa wino, na khalifa al-Musta'sim alivyofungwa ndani ya zulia akakanyagwa na farasi. Sisi watoto tunasikiliza mdomo wazi. Lakini nikimuuliza hao Wamongolia ni watu gani, wanakula nini, walifikaje Baghdad kutoka huko kwao, jibu lilikuwa "kaa chini, soma". Nimekaa na swali hilo zaidi ya miaka 30.

Basi nikaenda stendi nikachukua mzigo. Hata kabla ya kufungua kurasa, majalada yakanitia shaka. La kwanza lina mzee wa ndevu amevaa kofia yenye pembe kama ng'ombe wa Ankole, kofia iliyoazimwa kwenye maigizo ya Waviking. La pili, la vita, lina samurai. Samurai! Wajapani waliovamiwa na meli za Kublai, mjukuu wa Genghis Khan, mwaka 1274 na tena 1281, ndio wamewekwa mbele ya kitabu cha Wamongolia. Ni sawa na kuandika kitabu cha Majimaji ukaweka jaladani askari wa Kijerumani. La tatu lina Ukuta wa China wa matofali, ule wa picha za watalii. Ule ni kazi ya utawala wa Ming, yaani hao hao waliowatimua Wamongolia kutoka China mwaka 1368. Genghis, mwasisi wa dola ya Wamongolia, hajawahi kuuona hata kwa ndoto.

Nikasema majalada si kitu, mchele upo ndani.

Ndani sasa. Nilianza na cha historia. Usiku wa pili nikaingia cha vita, nikaona mbona haya nimeshayasoma? Nikavilaza vyote vitatu juu ya meza ya chakula, sahani nikasukuma pembeni, nikaanza kulinganisha kwa kidole. Ukurasa wa 41 wa kitabu cha vita ndio ukurasa wa 17 wa kitabu cha utamaduni, neno kwa neno, mpaka koma. Sura ya pili ya historia ndiyo sura ya tano ya vita. Kilichobadilishwa ni vichwa vya sura na majina ya watu. Na hapo kwenye majina ndipo niliposimama nikazunguka chumba.

Aya ya Baghdad ipo kwenye vitabu vyote vitatu, ni aya ile ile. Cha kwanza kinasema Baghdad iliangushwa na Genghis Khan. Cha pili, Kublai. Cha tatu, Hulagu. Mji mmoja, mwaka mmoja, watekaji watatu, chagua umpendaye. Genghis alifariki mwaka 1227 akiwa vitani na Watangut, watu wa kaskazini-magharibi ya China, kwa hiyo mwaka 1258 alikuwa na miaka 31 kaburini. Kublai alikuwa China. Aliyefika Baghdad ni Hulagu, mjukuu wa Genghis, ametumwa na kaka yake Mongke aliyekuwa Khan Mkuu wakati huo. Haya mimi fundi friji nayajua. Aliyeandika kitabu hayajui?

Jibu ni kwamba hakuna aliyeandika. Hii imetemwa na mashine, ikatafsiriwa na mashine nyingine, ikapelekwa kuchapwa bila binadamu kuipitisha jicho. Ushahidi huu hapa, nanakili kama ulivyo:

"Wamongolia walikuwa watu wa ngazi."

"Familia ililala katika hema lililohisiwa."

"Mishale ilihifadhiwa ndani ya kutetemeka."

"Jumla Subutai aliongoza mashtaka ya farasi wa taa."

Mwenye Kiingereza cha kuombea maji atajua ajali ilitokea wapi: steppe ikasomwa step, felt ikawa kuhisi, quiver ikawa kutetemeka, general ikawa jumla, charge ikawa mashtaka, light ikawa taa. Sisi wengine tuna maneno yetu, hata hayakutafutwa. Nyika ipo. Podo lipo, babu zetu wote waliowinda walibeba podo. Jemadari yupo. Hema la Wamongolia wenyewe huliita ger, linafunikwa kwa sufu ya kondoo iliyoshindiliwa mpaka ikawa kama blanketi nene. Kuna kazi gani kusema hivyo? Subutai, mtu aliyepiga vita kutoka China mpaka Hungary, anaitwa Jumla kama duka la Kariakoo.

Kilichoniuma zaidi ni kilichokosekana. Mtu anayeuza kitabu cha vita cha Wamongolia lazima anieleze upinde. Upinde wao ulikuwa mfupi, wa kupigia juu ya farasi, umeungwa kwa mbao, pembe na kano za mnyama, na nguvu yake ilikuwa ya kutisha. Lazima anieleze kwamba askari hakwenda na farasi mmoja. Alikuwa na watatu, wanne au zaidi, akichoka huyu anahamia kwa yule, ndiyo maana walitokea mahali ambapo adui amepiga hesabu watafika wiki ijayo. Anieleze jeshi lilivyopangwa kwa makumi: watu 10, 100, 1,000, mpaka tumen ya 10,000. Na hapa ndipo ilipo akili ya Genghis baada ya kutawazwa mwaka 1206. Aliyavunja makabila, akawachanganya watu ndani ya vikosi, na kuhama kikosi chako bila ruhusa adhabu yake kifo. Mtu aliyekuja ni Mkereit au Mtatar, anaondoka ni askari wa elfu fulani.

Anieleze na uwindaji wao mkubwa. Jeshi zima linazungusha duara pana kwenye nyika, linabana polepole kwa wiki kadhaa, wanyama wote wako katikati, na ole wake atakayeacha hata mmoja apenye. Hilo lilikuwa darasa lao. Ukishajua hilo unaelewa ilikuwaje kule mto Kalka mwaka 1223, Warusi na Wakipchak, wafugaji wa nyika, walipodhani wanawafukuza watu waliokimbia, siku baada ya siku, mpaka wakajikuta wao ndio swala.

Na kuzingira miji? Watu wa farasi walijifunza wapi? Walichukua mafundi kwa kila waliyemshinda. Mji wa Xiangyang huko China uliwasumbua miaka, ukaja kuanguka 1273 baada ya kuletwa mafundi Waislamu kutoka upande wa Uajemi, Ismail na Ala al-Din, wakaunda mitambo mikubwa ya kurusha mawe. Yaani Hulagu kavunja Baghdad, halafu miaka 15 baadaye ufundi wa Waislamu unamvunjia Kublai mji wa Wachina. Hadithi kama hiyo unaiachaje? Kitabu cha vita kimeandika "walitumia mbinu mbalimbali". Mbinu mbalimbali! 75,000 yangu!

Halafu takwimu. Mji wa Merv, Asia ya Kati, mwaka 1221: "waliuawa 1,300,000." Nukta, twende mbele. Hiyo namba ina mwenyewe. Imetoka kwa Juvaini, Mwajemi aliyewatumikia Wamongolia, akasimulia kwamba maiti zilihesabiwa siku 13 usiku na mchana. Juvaini alizaliwa 1226. Mji ulipochinjwa hakuwapo duniani. Sisemi watu hawakufa, walikufa wengi mno. Ibn al-Athir, mwanahistoria aliyekuwa Mosul, Iraq, wakati huo aliandika kwamba laiti mama yake asingemzaa kuliko kuja kuyaandika hayo. Nasema nionyeshwe namba imetoka mdomoni mwa nani, nipime mwenyewe. Kwenye vitabu vyote vitatu jina la Juvaini halipo. La Rashid al-Din, waziri aliyeandika historia nzima ya ukoo wa Genghis akiwa ndani ya nyumba yao, halipo pia.

Kibaya kuliko vyote, Wamongolia wana kitabu chao wenyewe na hakikutajwa hata mara moja. Kinaitwa Historia ya Siri ya Wamongolia, kiliandikwa kwa Kimongolia miaka michache baada ya Genghis kufa. Kimetufikia kwa njia ya ajabu: Wachina wa Ming walikinakili kwa herufi za Kichina, wakifuata sauti ya maneno ya Kimongolia, ili wakalimani wao wajifunzie lugha. Kuna jamaa yangu, baharia, aliniletea tafsiri yake ya Kiingereza ikiwa imechoka, haina hata jalada. Nimeisoma mara mbili na kamusi pembeni.

Wakuu, mle ndani Genghis si mzee wa kofia ya pembe. Ni mtoto anaitwa Temujin, na baba yake akimpeleka ukweni anamwambia baba mkwe: mwanangu anaogopa mbwa, msije mkamtisha. Anaogopa mbwa! Baba akapewa sumu na Watatar njiani akirudi, ukoo ukawatelekeza, mama yake Hoelun akawalea kwa mizizi na matunda ya porini. Kisha Temujin na mdogo wake wakamuua kaka yao wa baba mmoja, Bekter, ugomvi ukiwa wa samaki na ndege aliowanyang'anya. Mama alipoziona nyuso zao wakiingia tu akajua, akawatukana matusi ambayo hayasahauliki, akiwafananisha na kila mnyama mla nyama. Na hicho ni kitabu cha watu wake, cha kumsifia. Hakikuficha. Muuza vitabu wetu ameficha nini na kwa faida ya nani?

Wanawake wamepewa sentensi moja: "walipika na kukamua." Toregene alishika dola yote miaka 5, tangu mumewe Ogedei, mwana na mrithi wa Genghis, afe 1241 mpaka 1246. Sorghaghtani aliwazaa Mongke, Kublai na Hulagu, alikuwa Mkristo, na bado alitoa fedha ijengwe madrasa Bukhara. Walipika. Haya.

Na sisi wa pwani tungekuwa na cha kwetu mle. Ibn Battuta, yule aliyelala Mombasa usiku mmoja akaenda kumuona sultani wa Kilwa mwaka 1331, miaka michache baadaye alikuwa kambini kwa Uzbek Khan, mtawala Mwislamu wa ukoo wa Genghis. Alishangaa wanawake wanavyoheshimiwa kule. Akapewa maziwa ya farasi jike yaliyochachuka, akaonja, yakamshinda, akampasia mwenzake. Mtu mmoja, miguu ile ile, Kilwa na nyikani. Kitabu cha Kiswahili kisichojua hilo kimeandikiwa Mswahili gani?

Nikampigia muuzaji. Kwanza akaniambia vitabu vikishafunguliwa havirudishwi. Nikamuuliza ningejuaje ni kimoja bila kufungua? Akasema, "Kaka, wateja wengine hawajalalamika." Nikamuuliza kama yeye amevisoma. Kimya. Halafu akasema yeye anauza, kusoma ni kwa mteja. Nikamtumia picha za ukurasa wa 41 na wa 17 vikiwa sambamba. Alama mbili za bluu, hakuna jibu.

Ninachoomba kwenu: kama kuna mtu aliyenunua seti hii, aweke hapa picha za kurasa, tuone kama wote tumepigwa kwa nakala moja. Na kama kuna mwalimu wa historia au mtafsiri humu mwenye hata sura tatu za Historia ya Siri kwa Kiswahili cha kueleweka, ziko ndani ya daftari zinaliwa na mende, aje tuzungumze. Hela ya kulipia nitaitafuta. Ya ada nayo, tayari nimeulizwa tena leo mchana.

NYONGEZA, saa 4 usiku: Muuzaji kanipigia. Anasema ameona uzi, ameumia, na kwa kunituliza atanipa kitabu cha nne bure, nilipie basi tu. Ni cha Attila na Wahuni, wale Huns wa kale. Katuma na picha ya jalada. Ni yule yule mzee wa kofia ya pembe, amepakwa ndevu nyekundu.