Mrejesho: Super Nintendo Mini imekubali gemu mpya

Wasee, wiki iliyopita niliuliza mbona laptopu haioni Super Nintendo Classic Mini yangu (ile mashine ndogo ya Nintendo ya kucheza gemu kwa TV) nikitaka kuongeza gemu juu ya zile 21 zilizokuja nayo. Basi shida ilikuwa kebo! Nilikuwa natumia ya kuchaji simu kumbe inapitisha stima tu, data hakuna, na yule aliyeniambia nijaribu nyingine Mungu ambariki sana. Jana jioni nikashuka Kondele, Kisumu, nikapata nzuri, nikafungua hakchi2 CE (programu ya kompyuta ya kuongeza gemu kwa hiyo mashine), nikashikilia kitufe cha riseti halafu nikawasha pawa huku bado nimekifinya, sekunde chache hivi laptopu ikaiona. Kabla ya yote nilifanya bakapu ya keneli (programu ya msingi inayoendesha mashine), na hiyo tafadhali msiiruke, ndiyo itakurudisha ulikotoka mambo yakiharibika. Nimeweka 14, zote za kaseti nilizonazo tangu utotoni, na nafasi bado iko tele kwa sababu hata zile kubwa za Super Nintendo ni kama MB 6 tu. Gemu za mwanzo hazijaguswa, seving zote ziko. Mimi na brathangu mdogo tumecheza mpaka saa nane usiku, nimefurahi sana, asanteni.