Nyie mnaoandika "maelekezo ya matumizi", mmewahi kumkalia karibu mtu anayeyafuata?

Wakuu, nina hasira, mnivumilie.

Jumapili nilimpelekea mama jiko la gesi la pleti mbili na mtungi wa kilo 15 kule Mpwapwa. Serikali inataka ifikapo 2034 asilimia 80 ya Watanzania wawe wanapikia nishati safi, na mimi nimechoka kumsikia akikohoa moshi wa kuni. Gari la kurudi Dodoma likanikimbiza, nikamwachia karatasi iliyokuja kwenye boksi. Hatua tisa, tena kwa Kiswahili. Nikajua yamekwisha.

Jumatatu saa kumi na mbili asubuhi, simu. "Mwanangu, hiki chuma hakikai."

Hatua ya kwanza inasema: "Unganisha regulata kwenye vali kwa usahihi." Basi. Regulata ndiyo hicho chuma, kinachounganisha mpira wa gesi na vali, yaani mdomo wa mtungi. Mama kasukuma, kazungusha, kamwita jirani, naye kasukuma. Nusu saa nzima! Kumbe juu ya vali kuna kile kifuniko cha plastiki, na hakuna mstari unaosema kitoe kwanza. Aliyeandika anakitoa kila siku bila kuwaza, kwa hiyo kwake si hatua. Kwa mama ndiyo hatua yenyewe.

Haya, kikatoka. Ya nne: "Fungua gesi." Ya tano: "Washa." Halafu ya nane: "Kabla ya kufungua gesi, hakikisha madirisha yako wazi." Kabla?! Mtu anasoma kutoka juu kwenda chini jamani. Akifika ya nane, moto unawaka tangu ya tano. Na gesi hii ni nzito kuliko hewa, ikivuja inatuama chini. Jiko la mama lina kidirisha kimoja, kiko huko juu karibu na bati. Andikeni mlango!

Ya sita sasa: "Kagua uvujaji kwa kimiminika maalumu." Kwanza unakaguaje baada ya kuwasha? Pili, hicho kimiminika Mpwapwa kinauzwa duka gani? Si useme tu: koroga sabuni ya unga kwenye kikombe cha maji, paka povu pale mpira unapoungana na regulata, mapovu yakivimba funga gesi, na usithubutu kupima kwa kiberiti. Mama nilimwelekeza hivyo kwenye simu kabla hajawasha, na yakavimba kweli. Bano la mpira lilikuwa limelegea. Karatasi haijalitaja hilo bano popote.

Chai ikaiva saa mbili kasoro. Mama akauliza: "Na kuzima, naanzia jikoni au mtungini?"

Nikamwambia mtungini, moto ukifa ndipo afunge na vitufe vya jiko. Halafu nikatafuta kwenye picha ya ile karatasi, maana nilikuwa nimeipiga pande zote mbili. Hatua tisa, neno kuzima halimo. Nikaangalia upande wa nyuma: familia imekaa mezani, inacheka.