Naomba ushauri: kichwa hakitulii, kazi na simu vinanizidi

Wakuu, habari za muda huu. Mimi ni mhasibu wa duka la jumla Kariakoo. Ankara iko mezani, mteja anatuma picha ya muamala, bosi anapiga, grupu la wauzaji linalia, na bodaboda yuko mlangoni anadai pesa ya mzigo. Nikirudi kwenye ankara narudia mstari uleule na tarakimu haziingii. Usiku ndiyo kabisa: mwili umechoka, akili bado inajumlisha.

Nimesomasoma kidogo. Mtafiti Nelson Cowan aliandika mwaka 2001 kwamba kumbukumbu ya muda mfupi inabeba mambo kama manne tu kwa mkupuo. Sophie Leroy naye, mwaka 2009, alionyesha kwamba ukiacha kazi katikati na kurukia nyingine, sehemu ya akili inabaki kule ulikotoka. Hapo nikajiona mwenyewe. Kumbe siyo uzee (hata arobaini sijafika, jamani).

Sasa msiniambie nizime simu. Simu ndiyo kazi yenyewe, malipo yote yanapita humo. Ninaowaomba ni mlio kwenye kazi za namna hii: mnapangaje muda wa kujibu meseji bila mteja kukimbilia duka la jirani? Na bosi mlimwambiaje akawaelewa? Pia kama kuna aliyewahi kumwona mtaalamu kwa tatizo la usingizi, alianzia hospitali ya wilaya au alikwenda moja kwa moja Muhimbili, na bima ilikubali?