Printa inapotea kila mchana ila nikiiping inajibu, msaada wakuu

stesheni_ya_kona: Habari zenu wakuu. Nina stesheni ndogo (duka la kuprinti), kompyuta tatu na printa moja ya waya, zote ruta moja. Asubuhi kazi zinatoka fresh, ikifika mchana wateja wamejaa na waifai nawapa bure basi printa inakata, nazima nawasha inarudi kidogo halafu yale yale, cha ajabu nikiping (kuiita kwenye mtandao nione kama ipo) aipi yake, yaani namba yake ya mtandao, 192.168.1.20 inajibu!! Fundi anasema ninunue nyingine.

kebo_mbovu: Usinunue kitu. Fungua cmd (lile dirisha la kuandika amri) andika arp -a, angalia MAC (namba ya kifaa chenyewe) ya hiyo .20 ulinganishe na iliyobandikwa nyuma ya printa.

stesheni_ya_kona: Hazifanani mkuu. Ya printa inaanza 00, kwenye kompyuta inaanza da

kebo_mbovu: Basi anayekujibu ni simu ya mteja. Hiyo "a" inayofuata baada ya "d" inaonyesha MAC ya kujitungia, simu za siku hizi ndo zao. Iko hivi, ndani ya LAN (mtandao wa hapo hapo ndani) kompyuta haitumi kitu kwa aipi tu, lazima iijue MAC, kwahiyo inaita wote "mwenye .20 ni nani?", mwenyewe anajibu, inaandika kwenye kumbukumbu yake na mzigo unaenda huko. Hakuna anayedai kitambulisho, ni kama konda kuuliza nani hajapewa chenji wakajibu wawili. Huo utaratibu wa kuulizana unaitwa ARP, ni wa 1982, nani aliwaza waifai ya bure.

mtaa_wa_pili: Umedukuliwa hapo, badili paswedi haraka

kebo_mbovu: Mdukuzi angejifanya ruta apitishe data zako, printa ya stesheni ataifanyia nini? Mkuu, aipi ya printa iliwekwa kwa mkono?

stesheni_ya_kona: Ndio, na fundi huyo huyo. Kwenye ruta DHCP (ile inayogawia vifaa aipi yenyewe) naona inagawa .2 mpaka .254

kebo_mbovu: Ndo hapo sasa. Ruta haina habari kwamba .20 ina mwenyewe, inaigawa. Weka DHCP ianze kugawa kwenye .100, zima na uwashe ruta, kisha cmd kama admin piga arp -d * kompyuta zote zisahau. Simu yenye .20 izimwe waifai iwashwe tena.

stesheni_ya_kona: Mrejesho: tangu juzi haijakata hata mara moja, ubarikiwe sana. Fundi kanipigia leo anaulizia hela ya printa mpya.