Nanunua IST mkononi Mbeya, kadi ina jina la mtu wa Iringa. Nijiandae na shilingi ngapi?

Mwalimu wa Katumba

Habari zenu wakubwa. Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi huku Rungwe, nafundisha Katumba, nakaa Tukuyu mjini. Mwaka wa nne huu napanda Noah, watu kumi na mbili na kuku wa mtu mmoja, na mvua ya Rungwe mnaijua, haina ratiba. Sasa nimechoka. Nimevunja akiba ya SACCOS, nimeongezea na pesa ya parachichi za nyumbani, nimepata milioni tisa na nusu.

Kuna gari nimeliona Soweto, Mbeya. Toyota IST ya 2004, cc 1300, namba D (usajili wa hapa Tanzania). Bodi safi, ndani hakunuki. Muuzaji anataka 9,500,000 na dalali wake anataka cha juu, yaani pesa yake juu ya bei, huyo nitapambana naye mwenyewe.

Kinachonikosesha usingizi ni kadi ya usajili wa gari. Jina lililopo si la muuzaji, ni la mzee mmoja wa Iringa. Nilipouliza, muuzaji akacheka, akasema alilinunua kwa huyo mzee 2019 na mkataba anao. "Sisi tutaandikishana kwa mwanasheria, kadi unatembea nayo, trafiki haulizi jina." Dalali naye akadakia kwamba hata roadi laisensi imelipiwa mpaka mwakani, kwa hiyo nitakuwa nimeokoa.

Naomba kujua: nikitaka gari lisome jina langu nitalipa nini na nini, na kwa nani? Na kuna mwalimu mwenzangu ananiambia niachane na la mkononi, niagize Japani, kodi eti ni kidogo kwa gari dogo. Ni kweli? Mshahara wangu mnaujua, msinipe majibu ya watu wa Dar.

Kijana wa Mafiati

Mwalimu, umenichekesha asubuhi. Roadi laisensi ya kila mwaka ilifutwa 2017! Serikali iliihamishia kwenye mafuta, shilingi 40 kwa kila lita, kwa hiyo unailipa kila ukiingia sheli, hata bodaboda wanailipa. Dalali anakuuzia kitu kilichokufa mwaka 2017, na hayo mengine aliyokwambia uyapime kwa mizani hiyo hiyo.

Kibarua wa Bandari

Nijibu la kuagiza kwa sababu nilifanya kazi ya kutoa magari bandarini miaka sita kabla sijarudi Mafinga kwenye mbao.

Mwalimu mwenzako amesema nusu. Kweli ushuru wa bidhaa unafuata ukubwa wa injini: mpaka cc 1000 hakuna, kutoka hapo mpaka cc 2000 ni asilimia 5, zaidi ya hapo asilimia 10. Hapo IST inaonekana mpole. Kinachoumiza ni umri. Gari dogo lenye miaka nane mpaka kumi linaongezwa asilimia 15, likipita kumi ni asilimia 30. Hiyo ndiyo tunaiita dampingi. IST zote za umbo hilo unalolipenda zimeshapita kumi siku nyingi.

Piga hesabu ya mfano. Chukua thamani ya gari pamoja na nauli ya meli na bima mpaka bandarini, tuseme dola 2,500. Ushuru wa forodha asilimia 25 ni 625, jumla 3,125. Juu ya hiyo 3,125 unaweka asilimia 5 ya injini, 156, na asilimia 30 ya uzee, 937. Halafu VAT asilimia 18 inakuja juu ya vyote hivyo, kama 759. Jumlisha kodi tupu: karibu dola 2,480. Yaani umenunua gari mara mbili, moja Japani, moja bandarini. Na hapo bado tozo ya reli, ada ya forodha, ya kampuni ya meli, ya wakala, usajili na namba.

Kitu kingine ambacho wengi kinawaangusha: TRA, yaani mamlaka ya mapato, hawapigi hesabu kwa risiti yako. Wana bei zao za kila aina ya gari na kila mwaka. Ukinunua mnadani kwa bei ya kutupa, furahi mwenyewe, kodi itafuata bei yao. Kikokotoo kipo kwenye tovuti yao, weka aina, mwaka na injini utaona jumla kabla hujatuma hata senti Japani.

Kwa milioni tisa na nusu, mwalimu, usiagize. Nunua la mkononi.

Ila kwa kuwa uko Mbeya, angalizo moja. Magari mengi yanapita hapo kwenda Tunduma, ya Zambia na Kongo, yale ya IT, yaani ya kupita tu nchini. Hayo kodi ya hapa haijalipwa. Siku ukiambiwa kuna gari "limekwama njiani, mwenyewe ameishiwa, anauza rahisi", kimbia. TRA wakilikamata wanalichukua likiwa na mkeka wako mpya ndani. Lako la namba D halina shida hiyo ilimradi namba ya chesisi kwenye bodi ndiyo iliyo kwenye kadi. Inama uisome mwenyewe, usisomewe.

Dada Kirikuu, Uyole

Mwalimu, mdogo wangu, mimi nauza viazi. Natoa Isyonje nashusha Uyole. Nisikilize, kwa sababu hilo la jina limenila miaka miwili.

2020 nilinunua kirikuu, kale kagari kadogo ka mizigo, kwa kijana mmoja wa hapa hapa. Kadi ilikuwa na jina la mtu wa Mafinga. Maneno niliyoambiwa ndiyo hayo hayo uliyoambiwa wewe, mpaka kicheko. Nikatoa pesa, mwanasheria akagonga muhuri, nikaondoka na kadi na funguo mbili. Nilijiona mjanja nimeokoa laki na ushee.

Mwaka mmoja nilikaa vizuri. Halafu nikataka mkopo niongeze gari la pili, afisa mikopo akaangalia kadi akanirudishia juu ya meza. Gari si lako. Nikamwonyesha mkataba. Akasema mkataba wako umeandikishana na nani? Na fulani. Na kadi inasema nani? Na nani mwingine. Sasa huyo fulani aliuza cha nani?

Nikamtafuta aliyeniuzia, ameshahamia Tunduma, simu haipatikani. Nikapanda basi mpaka Mafinga kumtafuta wa kwenye kadi. Nikakuta matanga yalishaanuliwa miezi saba nyuma. Marehemu ana wake wawili na watoto ambao hawaongei. Mtu akishafariki, wa kusaini ni msimamizi wa mirathi aliyethibitishwa na mahakama, si mke, si mtoto mkubwa, si mjomba mwenye sauti. Na wao mirathi walikuwa hawajafungua. Nikawa nalipa nauli ya kuwabembeleza watu wafungue mirathi ya baba yao! Mmoja akaniuliza, hivi kirikuu cha mzee kinaingiza shilingi ngapi kwa siku? Hapo nilitoka jasho na baridi ile ya Mafinga.

Tulimaliza. Sitaki kusema kwa shilingi ngapi, mume wangu anaingia humu.

Sasa gharama zenyewe, uone ni ndogo kiasi gani. Kubadili umiliki TRA: ada ya kuhamisha gari 50,000. Ushuru wa stempu asilimia 1 ya bei, kwa milioni tisa na nusu ni 95,000. Kadi mpya 10,000. Jumla 155,000, unalipa kwa kontroo namba (namba ya malipo ya serikali), benki au kwenye simu. Asikuambie mtu umpe mkononi akulipie. Mwanasheria wa kugonga mkataba ni mapatano, mimi wa mwisho alinitoza 40,000. Usiandike bei ya uongo kwenye mkataba ili stempu ipungue, wakiona ni ndogo mno kwa gari hilo si lazima waikubali, na siku ukidhulumiwa utadai hiyo hiyo ya uongo uliyoandika.

Mnahitaji TIN (namba ya mlipakodi) zote mbili, yako na ya muuzaji, vitambulisho, picha, mkataba na kadi halisi. Kama TIN huna, unapewa ile isiyo ya biashara, ukiwa na namba ya NIDA haichukui muda. Ukaguzi wa polisi wa trafiki pia, wanalinganisha chesisi na injini.

Lakini muuzaji anayetambulika ni yule wa kwenye kadi. Kwa hiyo mpango ni huu: mzee wa Iringa ahamishe kwenda kwa huyu wa Soweto, kwa gharama za huyu wa Soweto. Ndipo huyu ahamishe kwako, kwa gharama zako. Hamisho la kwanza ni deni lake la tangu 2019, lisikuangukie wewe. Akikataa, jiulize anakataa kutumia laki na kitu ili apate milioni tisa, kwa nini? Inawezekana hata huyo mzee hajui kama gari liliuzwa.

Mtoto wa Ipogolo

Kamwene wote. Mimi napingana kidogo. Natembelea gari la jina la mtu mwaka wa sita huu, Iringa mpaka Dar, Kitonga napanda na kushuka, sijawahi kusumbuliwa. Bima ninakata kwa namba ya gari. Mnamtisha mwalimu.

Dada Kirikuu, Uyole

Kaka, na huyo wa kwenye kadi mzima wa afya? Muombee sana.

Kijana wa Mafiati

Mwalimu, kabla hujatoa hata nauli, ingia TMS, mtandao wa polisi wa faini za barabarani, uweke namba ya gari uone kama linadaiwa faini. Kosa moja ni 30,000, siku saba zikipita bila kulipa inaongezeka robo, inakuwa 37,500. Faini zinalifuata gari, hazimfuati dereva aliyekuwa anakimbia Inyala. Na deni la maegesho ya TARURA, wakala wa barabara za vijijini na mijini, uliza vilevile, watu wanaegesha Mwanjelwa miezi, hawalipi, wanauza gari na deni lake.

Mwalimu wa Katumba

Ndaga fijo wote. Nimeangalia TMS sasa hivi. Makosa matatu, yote yamepitisha siku. 112,500. Nimempigia muuzaji, amesema "hizo ndogo ndogo tutaelewana". Nimemwambia hizo ndogo ndogo azilipe leo, na Jumamosi twende wote Iringa kwa huyo mzee. Kimya kidogo, halafu akasema atanijulisha. Nitarudi.

Kibarua wa Bandari

Mkienda, mwalimu, muulize mzee kama kadi haijawahi kupotea. Kuna mtu anaweka kadi rehani kwa mkopeshaji, halafu anaenda polisi kuandikisha kuwa imepotea, anapewa nyingine. Unanunua kwa kadi mpya wakati ya zamani iko kwenye droo ya mtu anayedai. Ofisi ya TRA wana kumbukumbu za gari hilo, pita pale na nakala ya kadi uwaulize kabla ya kulipa.

Mwalimu wa Katumba

Nimerudi, wiki tatu baadaye. Samahani, ilikuwa mitihani.

Muuzaji alikaa siku nne bila kujibu. Nikaanza kutafuta gari lingine. Siku ya tano akapiga mwenyewe, faini ameshalipa, twende. Tulipanda basi la alfajiri, dalali hatukumwambia.

Mzee yupo, Kihesa, mzima kabisa, anafuga nguruwe. Alipomwona muuzaji alisema, "Wewe si nilikuambia ubadilishe wiki ile ile?" Kumbe yeye ndiye aliyekuwa na hofu, kila akisikia ajali redioni anajiuliza kama ni gari lenye jina lake. Mkataba wa 2019 alikuwa nao kwenye sanduku, umekunjwa vizuri, bei milioni kumi na moja. Ndipo nikaelewa: stempu 110,000, ada 50,000, kadi 10,000. Laki moja na sabini ndiyo huyu mtu aliyokuwa anaikwepa miaka yote hiyo. Mkewe mzee alitupikia ugali na nguruwe, muuzaji akala bila kuinua macho.

Alilipa mwenyewe, mbele yangu, kwenye simu. Kadi ya jina lake ilipotoka ndipo tukaandikishana mimi naye Mbeya. TRA walilinganisha chesisi, iko sawa, rehani hakuna. Bei nikaishusha mpaka 9,200,000 kwa sababu ya usumbufu, hakubisha. Kwa hiyo mimi nimelipa stempu 92,000, ada 50,000, kadi 10,000, mwanasheria 40,000, na bima ndogo, ile ya kufidia wengine tu, 118,000. Laki tatu na elfu kumi, ukiacha nauli za Iringa.

Dalali bado ananidai cha juu. Anasema yeye ndiye aliyenipa taarifa ya roadi laisensi.

Kijana wa Mafiati

😂😂 Mlipe mpaka mwakani.

Mtoto wa Ipogolo

Mwalimu hongera. Dada Kirikuu, nimekuja kimya kimya: yule wa kwenye kadi yangu yuko Songea, ana miaka sabini na nane. Nikifika kwake nianze kusema nini?

Dada Kirikuu, Uyole

Anza na shikamoo, kaka. Na usiende mikono mitupu, beba sukari. Ukishakaa ndipo umwambie una TIN yako na uko tayari kulipa kila kitu. Nenda wiki hii.