Naomba ushauri: wanataka tumsimulie marehemu dada yetu kwenye filamu

Habari zenu ndugu zangu. Dada yangu aliuawa miaka tisa iliyopita, na aliyemuua yuko gerezani. Juzi mtayarishaji wa filamu za makala za uhalifu alimpigia mama simu. Anataka tukae mbele ya kamera tueleze marehemu alikuwa mtu wa namna gani.

Mama amekubali. Anasema habari zote zilimtaja muuaji, mwanawe akabaki picha moja tu, ile ya kitambulisho ambayo mwenyewe hakuipenda. Hapo namwelewa kabisa.

Mimi nimekwama kwenye fomu ya ridhaa. Inawapa haki ya kukata na kupanga maneno yetu watakavyo, na hatutaiona filamu kabla haijatoka. Malipo hakuna, hilo halinisumbui. Kinachonikosesha usingizi ni mtoto wa marehemu. Ana miaka 12 na anajua nusu tu ya yaliyotokea. Wenzake shuleni wataiona.

Tukikataa nako, wanaweza kuendelea bila sisi. Netflix ilipotoa tamthilia kuhusu Jeffrey Dahmer, Mmarekani aliyeua watu wengi, mwaka 2022, dada wa mmoja wa waliouawa alisema hadharani kwamba hakuna mtayarishaji aliyewasiliana naye, ilhali mwigizaji alirudia maneno yake ya mahakamani.

Kwa aliyewahi kupitia hili: kuna masharti mliyoomba yakaingizwa kwenye fomu, mathalani picha za eneo la tukio zisitumike? Na mtoto mlimwambiaje, na lini? Mama anatakiwa kujibu Ijumaa.